Kisu Kinapopita: Matabaka ya Kebo ya Fiba na Kazi ya Kila Moja

Ndugu mafundi, ndugu wanafunzi wa vyuo vya ufundi, na ninyi ndugu wa manunuzi ambao saini zenu ndizo zinazoamua kebo ipi izikwe ardhini, karibuni.

Mezani hapa kipo kipande cha kebo ya fiba, urefu wake mkono mmoja. Ni kebo ya nyuzi 48, ya kupitisha kwenye bomba au kuzika moja kwa moja, na kipenyo chake hakifiki milimita 15. Tutaichuna kwa mpangilio ule ule ambao kisu cha fundi hupita, kutoka ganda la nje mpaka kwenye kioo. Jambo moja tuelewane mapema. Kioo, kile kinachobeba mwanga, ni nadra kuwa ndicho chenye kosa. Kebo huharibiwa na vile vinavyokizunguka: plastiki hafifu, jeli isiyofaa, chuma kilichoingiwa na maji, mrija uliosinyaa. Kioo kina maadui watatu, yaani mvuto, mbano na maji. Kila tabaka tutakalolikata limewekwa kumzuia mmoja wao, au kulinda tabaka jingine linalomzuia.

Tuanze na ganda. Hii ni polietilini, jamii moja na plastiki ya mabomba ya maji, ya msongamano wa kati au wa juu, unene wake kama milimita 1.5 hadi 2. Weusi wake si pambo. Polietilini tupu ikiachwa juani, mionzi ya urujuanimno hukata minyororo ya molekuli zake, plastiki ikakakamaa na kupasuka. Masizi laini yakichanganywa humo kwa kiasi cha asilimia 2.5 hivi ya uzito, huinyonya mionzi hiyo kabla haijapenya. Masharti ni mawili: masizi yawe laini sana, na yasambae sawasawa. Yakiganda madonge, hubaki sehemu zisizo na kinga, na ufa huanzia hapo. Kosa jingine ni kiwanda kuchanganya plastiki iliyokwisha kutumika. Kebo hiyo itatoka nyeusi, inang'aa, na kwa macho hutaitofautisha na nyingine. Baada ya miaka michache juu ya nguzo utaona nyufa zimezunguka ganda mahali ilipokunjwa, hasa karibu na kishikizo.

Vipo vipimo viwili visivyohitaji maabara. Kata kipande cha ganda ukitie kwenye glasi ya maji. Polietilini huelea kwa kuwa ni nyepesi kuliko maji, hata ikiwa na masizi yake; PVC na plastiki zilizojazwa unga wa madini huzama. Kisha kata kebo kwa msumeno mwembamba na uangalie duara la ganda. Ukikuta upande mmoja una milimita 2 na mwingine 1, ujue kebo haikukaa katikati ya mashine ilipokuwa ikivishwa ganda, na upande mwembamba ndio utakaotobolewa kwanza na jiwe.

Ndani ya majengo polietilini haifai, kwa sababu huwaka kama mshumaa na kudondosha matone ya moto. PVC nayo haishiki moto kirahisi, lakini ikiungua hutoa moshi mweusi mzito na gesi ya asidi ya haidrokloriki, hatari kwa mtu aliye kwenye ngazi na kwa mitambo iliyo kwenye chumba cha seva. Ndiyo maana kebo za ndani huvishwa ganda lisilo na halojeni, yaani klorini na jamii yake, ambalo mafundi tunalijua kwa herufi LSZH. Plastiki hiyo imebeba unga mwingi wa haidroksidi ya alumini, mara nyingi zaidi ya nusu ya uzito wote. Joto likifika kiasi cha digrii 200 za Selsiasi, unga huo huanza kuachia maji kama mvuke, na mvuke huo hupoza sehemu inayoungua. Gharama yake ni kwamba plastiki iliyojazwa unga kiasi hicho ina nguvu ndogo na hunyonya unyevu. Kebo nyeupe ya ndani iliyotandazwa kutoka nguzoni mpaka dirishani, bila masizi, ikipigwa na jua na mvua, haikutengenezwa kwa kazi hiyo, hata kama siku ya kwanza kipimo kilisoma vizuri.

Kwa nchi zetu kuna swali ambalo kila hati ya manunuzi ingepaswa kuliuliza: je, njia inapita kwenye ardhi ya mchwa? Mchwa hutafuna polietilini. Kinga iliyozoeleka ni tabaka jembamba la nailoni 12, kiasi cha nusu milimita, linalovishwa juu ya polietilini. Ugumu na utelezi wa uso wake huyanyima meno ya mchwa mahali pa kushika. Likikwaruzwa wakati wa kuvuta, kinga imekwisha pale pale. Kwa hiyo kwenye kebo ya namna hiyo bomba lenye mchanga ndani ni kosa kubwa kuliko kawaida. Nailoni haimzuii panya wala fuko. Meno yao hayaachi kukua, nao hutafuna ili kuyasaga, wawe na njaa wasiwe nayo. Kwao inatakiwa chuma, au tabaka nene la nyuzi za kioo ambazo huwachoma mdomoni.

Hiki hapa ndicho chuma chenyewe. Ni utepe wa unene wa milimita 0.15 hivi, umekunjwa mawimbi kama bati la nyumba, na sababu ni ile ile: mawimbi huupa ugumu wa kustahimili kubanwa huku ukibaki unakunjika. Angalieni jinsi ulivyogandana na ganda, hauchomoki kwa vidole. Pande zote mbili za utepe zimepakwa filamu ya plastiki maalumu ambayo joto la ganda linapovishwa huiyeyusha, na vitu viwili vikawa kitu kimoja. Utepe ukichomoka kirahisi kama ganda la ndizi, kebo hiyo ikataeni. Maji yakipata tundu moja la ganda yatasafiri kati ya plastiki na chuma mita nyingi, chuma kitashika kutu, na kutu huzaa adui tusiyemuona, yaani haidrojeni.

Hapo nitulie kidogo, maana wengi hulidharau jambo hili. Chuma, zinki au alumini vikikutana na maji hutoa haidrojeni, na metali mbili tofauti zikigusana majini huongeza kasi. Molekuli ya haidrojeni ni ndogo mno. Hupita plastiki, hupita jeli, huingia kwenye kioo chenyewe na kunyonya mwanga, na alama yake huonekana kwenye urefu wa wimbi wa nanomita 1,240. Ikibaki bila kuungana na kioo, chanzo kikiondolewa hutoka polepole. Ikiungana na kioo na kutengeneza haidroksili, upotevu huo ni wa kudumu, na kilele chake kiko kwenye nanomita 1,383. Kebo haijakatwa, haijakunjwa, hakuna aliyeigusa, na bado mwanga unapungua mwaka hadi mwaka.

Chuma kina sharti jingine: lazima kiungwe na ardhi kwenye maungio, la sivyo radi ikipiga karibu itatafuta njia yake yenyewe. Kwenye nguzo za umeme mkubwa tunatumia kebo isiyo na metali kabisa na inayojibeba yenyewe, ADSS. Njia nyingine ni kuziweka nyuzi ndani ya waya wa juu wa kinga ya radi, OPGW, ambao ni mrija wa chuma cha pua uliozungukwa na nyaya za chuma zilizovishwa alumini. Sehemu kubwa ya mkongo unaopita kwenye njia kuu za umeme ni ya aina hiyo.

Chini ya utepe kuna uzi wa kuchania. Uvuteni, utachana chuma na ganda pamoja. Fundi anayeuacha na kutumia kisu cha kawaida urefu wote ndiye anayetoboa mirija iliyobeba nyuzi.

Nyuzi hizi za njano ni aramidi, ambayo wengi wanaijua kwa jina la Kevlar au Twaron. Kazi yake ni kupokea mvuto. Haina metali, ni nyepesi, na hairefuki ovyo. Lakini aramidi haistahimili kusukumwa, hustahimili kuvutwa tu, na jua huiharibu. Kwenye ADSS ndiyo inayobeba uzito wote wa kebo kati ya nguzo na nguzo, kwa hiyo idadi ya nyuzi zake hukokotolewa kwa umbali wa nguzo husika. Kebo iliyosanifiwa kwa nguzo za mita 100 ikitundikwa kwenye nafasi ya mita 200, kioo kitavutwa kuliko kilivyopangiwa. Kwa sababu aramidi ni ghali, kebo nyingine huwekewa nyuzi nyeupe za kioo badala yake. Si udanganyifu, ni usanifu mwingine, na kwenye bomba hufaa, mradi hati iseme hivyo na nguvu ya kuvuta itajwe kwa nyutoni. Linalokera ni kulipia ya njano na kuletewa nyeupe. Kwenye boksi la maungio, aramidi na mhimili, yaani fimbo ya katikati, lazima vibanwe kwa skrubu. Vikiachwa vinaning'inia, kebo ikivutwa kidogo, mirija na nyuzi ndizo zitakazovutika.

Unga huu mweupe kwenye utepe laini na kwenye uzi huu ni poliakrilati ya sodiamu, kitu kile kile kilichomo kwenye nepi za watoto. Ukiguswa na maji huvimba na kuwa jeli, ukaziba njia. Kipimo cha kimataifa ni hiki: kebo ya mita 3 hukabiliwa na shinikizo la maji la kimo cha mita 1 kwa saa 24, na upande wa pili usitoke hata tone. Ndugu wa Dar es Salaam, Tanga, Mombasa na Zanzibar, msisahau kuwa maji ya chumvi huuvimbisha unga huu kidogo sana kuliko maji baridi. Kwenye mashimo ya pwani ambayo bahari huingia, agizeni unga uliotengenezwa kwa maji ya chumvi, na mtaje hivyo kwenye hati, kwa kuwa kiwanda kisichoulizwa kitapima kwa maji ya bomba.

Katikati kabisa kuna fimbo hii ngumu, mhimili. Ni nyuzi za kioo zilizogandishwa kwa utomvu wa plastiki, na kifupi chake ni FRP. Wengi hudhani kazi yake ni kuvuta tu. Kazi yake ya pili ni nzito vilevile, yaani kuizuia kebo isisinyae. Fanyeni hesabu pamoja nami. Chukua kebo ya kilomita 1, joto lipungue digrii 30, kama kutoka jua la mchana wa Dodoma juu ya ganda jeusi hadi baridi ya alfajiri. Kioo hufupika kwa milimita 16 au 17 tu. Polietilini ikiwa peke yake ingefupika kwa zaidi ya mita 4. FRP hufupika sentimita 18 hivi. Pasipo mhimili, mita hizo nne za plastiki zingemsukuma nani? Kioo, ambacho kingejikunja kama nyoka ndani ya mrija. Mhimili ukiwa mwembamba kuliko ulivyopaswa, ndicho kinachotokea, na utakiona usiku: kiungo kinafanya kazi mchana, alfajiri ya baridi kinasuasua. Waya wa chuma hufanya kazi hiyo pia kwa bei nafuu, lakini hupitisha umeme. Na FRP msiikunje kama waya. Ikizidi kona yake hupasuka vipande vyenye ncha kali, na ncha hizo hutoboa mirija iliyo pembeni.

Sasa mirija. Kebo hii ina nafasi sita kuzunguka mhimili: mirija minne yenye nyuzi 12 kila mmoja, na vijiti viwili vya plastiki visivyo na kitu, vilivyowekwa ili duara likamilike. Mrija ni plastiki iitwayo PBT, kipenyo kama milimita 2 au zaidi kidogo. Tazameni ulivyozungushwa: zamu kadhaa kulia, kisha unageuka kushoto, halafu tena kulia. Mageuko hayo humwezesha fundi kufungua kebo katikati ya njia bila kuikata. Msokoto wenyewe pia ni akiba. Kebo ikivutwa, uzi ulio huru ndani ya mrija husogea kuelekea mhimili, njia ikawa fupi, na kioo hakivutwi mpaka akiba hiyo iishe. Akiba hiyo ni sehemu chache tu za elfu ya urefu, na ndiyo maana nguvu ya kuvutia iliyoandikwa kwenye hati haipaswi kupitwa. Kuna kanuni ya kukunja pia, inayofaa kebo nyingi za aina hii: wakati wa kuvuta, nusu kipenyo cha kona kisipungue mara 20 ya kipenyo cha kebo, ikishatulia, mara 10.

PBT ina tabia ya kusinyaa kidogo baada ya kutoka kwenye mashine. Kiwanda chenye haraka, kinachopoza mrija vibaya, hutoa mrija utakaoendelea kusinyaa kebo ikiwa kwenye dramu, lile gurudumu kubwa inalozungushiwa. Nyuzi hubaki ndefu kupita kiasi, zikajibana ukutani. Utajuaje? Pima kwa OTDR, kifaa kinachotuma mwanga kwenye uzi na kusoma unaorudi, kwenye mawimbi ya nanomita 1,310 na 1,550. Uzi mzima hupoteza kidogo zaidi kwenye 1,310. Ukikuta 1,550 inapoteza zaidi, kuna mkunjo au mbano, kwa sababu wimbi refu hushikiliwa kidogo na kiini, yaani sehemu ya katikati ya kioo, na hutoroka kwanza kwenye kona.

Ndani ya mrija kuna jeli. Fundi huichukia kwa kuwa inachafua mikono, lakini ndiyo inayoziba maji na kuuacha uzi uteleze. Jeli nzuri ni mafuta yaliyofanywa mazito kwa unga laini wa silika: ikitikiswa hulainika, ikitulia hukaza. Isidondoke kebo ikiwa wima kwenye joto la digrii 70. Jeli mbaya hutiririka chini kwenye kebo inayopanda nguzo au ghorofa, juu pakabaki patupu. Mbaya zaidi ni ile ambayo mafuta yake hulivimbisha koti la uzi. Kabla ya kuunga, futa kwanza kwa kiyeyusho cha jeli, halafu kwa pombe ya isopropili ya asilimia 99. Pombe peke yake huisambaza tu, na punje ya jeli ikibaki kwenye mfereji wa mashine ya kuungia, nyuzi mbili hazitatazamana.

Rangi zifuatazo zishikeni kwa moyo: bluu, chungwa, kijani, kahawia, kijivu, nyeupe, nyekundu, nyeusi, njano, zambarau, waridi, samawati. Huo ndio mpangilio wa Kimarekani uliozoeleka. Lakini kuna viwanda vinavyohesabu mirija kuanzia mwekundu kwenda wa kijani. Kwenye mradi wenye dramu za viwanda viwili, soma karatasi ya kila dramu kabla ya kuwasha mashine.

Tumefika kwenye uzi. Mnachokiona, chenye rangi, si kioo bado. Ni koti la akrilati, lililokaushwa kwa mwanga wa urujuanimno, kipenyo cha mikromita 250. Lina sehemu mbili, ya ndani laini kama mpira, ya nje ngumu. Laini hupokea mbano na kuutawanya. Ngumu huzuia mkwaruzo. Mkwaruzo ni hatari kwa sababu kioo safi cha silika kina nguvu kubwa ajabu kikiwa hakina ufa, na mkwaruzo wenye unyevu hukua polepole kila kinapovutwa. Kiwandani uzi wote, mita kwa mita, huvutwa hadi urefuke asilimia 1, ili penye ufa mkubwa pakatike pale pale. Ukitoka hapo, usanifu mzuri hauuachi uzi urefuke zaidi ya asilimia 0.2 kwa maisha yake yote. Kwa hiyo mkimenya koti kabla ya kuunga, kioo kilicho wazi kisiguswe na chochote isipokuwa kitambaa safi na kisu cha kukatia. Ukikishika kwa vidole, umeanzisha ufa ambao hutauona. Baada ya kuunga, kinga hurudishwa kwa mrija wa kusinyaa kwa joto wenye kijiti cha chuma, wa milimita 60 au 40. Kijiti hicho ndicho mhimili wa sentimita hizo chache.

Chini ya koti ndipo kioo kilipo, mikromita 125. Katikati yake kiini cha mikromita 9 hivi, kilichobaki ni gamba. Kilomita nzima ya kioo hicho ina uzito wa gramu 27. Kiini ni silika iliyotiwa oksidi ya jerimani, gamba ni silika karibu tupu. Jerimani huongeza kipeo cha kupinda mwanga kwa kiasi cha theluthi moja ya asilimia tu, na tofauti hiyo ndogo inatosha kuufunga mwanga ndani ya kiini.

Kioo hiki hakitokani na mchanga ulioyeyushwa. Mwaka 1966 Charles Kao na George Hockham, wakiwa Uingereza, walieleza kuwa kinachozima mwanga kwenye kioo ni uchafu zaidi kuliko kioo chenyewe, na kwamba upotevu ukishuka hadi desibeli 20 kwa kilomita mawasiliano yatawezekana. Desibeli 20 maana yake mwanga unaobaki ni asilimia 1. Mwaka 1970 Robert Maurer, Donald Keck na Peter Schultz wa Corning walishuka hadi 17. Leo uzi wa kawaida, ambao kwa kiwango cha kimataifa huitwa G.652.D, hupoteza kiasi cha desibeli 0.35 kwa kilomita kwenye 1,310 na 0.20 kwenye 1,550. Kwenye 1,550, baada ya kilomita 50 bado asilimia 10 ya mwanga ipo. Kao alipewa Tuzo ya Nobeli ya Fizikia mwaka 2009.

Usafi huo hupatikana kwa kemia yenye hekima. Silikoni hubadilishwa kuwa tetrakloridi ya silikoni, kimiminika kinachochemka kwenye digrii 58 hivi. Kloridi ya chuma, ambayo ndiyo uchafu wenyewe, huhitaji joto la zaidi ya digrii 300 ili igeuke mvuke. Chemsha taratibu, kusanya mvuke, na chuma kinabaki chini. Mvuke safi huchomwa pamoja na oksijeni, ikazaliwa silika kama masizi meupe na klorini ikatoka. Jerimani huingizwa kwa njia hiyo hiyo. Masizi hayo hupashwa joto ndani ya gesi ya klorini ili kufukuza maji yote, kisha huyeyuka yakawa kijiti cha kioo. Kijiti cha kipenyo cha milimita 150 na urefu wa mita 1, kikivutwa kuwa uzi wa mikromita 125, hutoa kilomita 1,440. Tanuri ya kukivuta ina joto la digrii 2,000 hivi, juu ya mnara mrefu. Uzi hushuka kwa kasi ya makumi ya mita kwa sekunde, ukipozwa kwa heliamu kabla ya kupakwa koti. Ukifika kwenye koti ungali na joto, akrilati haishiki sawasawa.

Ndugu zetu wa Lubumbashi wana sehemu yao katika kiini hiki. Jerimani haina migodi mingi inayochimbwa kwa ajili yake. Hupatikana kama zao la pembeni la zinki na majivu ya makaa ya mawe. China, mzalishaji mkubwa, iliweka masharti ya kuiuza nje kuanzia Agosti 2023. Mwaka 2024 Gécamines, kampuni ya madini ya serikali ya Kongo, kupitia kampuni yake tanzu STL, ilianza kusafirisha kwenda Umicore, kampuni ya kusafisha metali nchini Ubelgiji, makinikia ya jerimani yanayotoka kwenye mlima wa mabaki ya tanuri pale Lubumbashi. Kilomita moja ya uzi hubeba miligramu chache tu, lakini dunia huvuta kilomita nyingi mno.

Kebo za baharini nitazipitia haraka. SEACOM na TEAMS za 2009 na EASSy ya 2010 zina kioo cha jamii hii hii. Tofauti iko kwenye mavazi: nyaya za chuma kigumu, mrija wa shaba, polietilini nene, na karibu na ufukwe nyaya za chuma cha mabati pamoja na lami. Shaba imo ili kupeleka umeme wa maelfu ya volti kwenye vikuza mwanga vilivyo chini ya bahari, ambavyo ndani yake kuna uzi uliotiwa madini ya erbiamu. Kwenye kilindi kirefu kebo ni nyembamba, kama milimita 17 hadi 20, kwa sababu nanga na nyavu hazifiki huko. Unene wote uko ufukweni.

Dropu, yaani kebo nyembamba ya mwisho ya kwenda nyumbani, ndiyo inayonunuliwa kwa haraka kuliko zote, na inastahili macho zaidi. Bapa, uzi mmoja au miwili, fimbo mbili nyembamba pembeni, na waya wa kubebea. Uzi wake uwe wa aina ya G.657.A2, unaostahimili kona ya nusu kipenyo cha milimita 7.5, G.652.D kwenye kona ya ukuta utapoteza mwanga. Ganda liwe jeusi, la nje. Fimbo za chuma zinafaa mbali na umeme; pale dropu inapopishana na nyaya za umeme wa mtaani, dai FRP. Waya wa kubebea uwe wa mabati ya kweli, kwa sababu ukishika kutu karibu na bahari, uzito wote utahamia kwenye ganda na kwenye kioo. Na konekta: kichwa chake ni silinda ya kauri ya zirkonia, uzi umegandishwa ndani kwa gundi ya epoksi. Ya kijani imekatwa mshazari wa digrii 8, ya bluu imesuguliwa bila mshazari. Ukizichomeka pamoja hazigusani sawasawa, mwanga unapotea na mwingine unarudi nyuma.

Dramu ikifika, kabla ya kusaini, angalieni kama ncha zote mbili zimevishwa kofia za kusinyaa kwa joto. Ncha iliyokaa wazi kwenye mvua ya bandarini imeshaanza kunywa maji. Pimeni kila uzi kwenye mawimbi mawili, mlinganishe na karatasi ya kiwanda. Halafu kateni mita 2. Mita moja ichuneni hapo hapo kama tulivyofanya leo: ganda kwenye glasi ya maji, utepe uvutwe kwa vidole, mirija ihesabiwe, jeli ining'inizwe. Mita ya pili ifungeni ncha, andikeni namba ya dramu na tarehe, iwekeni stoo kavu. Miaka mitatu baadaye njia ikianza kusuasua na kila mtu akimlaumu mwenzake, kile kipande cha stoo ndicho kitakachokatwa kujua kama kosa lilitoka kiwandani au liliingia wakati wa kuvuta.